Kwa vijana mnaotunga na kupiga muziki wa filamu na televisheni

Wanangu,

Kila mkinijia swali ni lilelile: ninunue kompyuta gani, maikrofoni gani. Hakuna aliyewahi kuniuliza habari ya karatasi. Leo nawaambia bila kuulizwa.

Nikiwa na umri wenu nilitunga muziki wa tamthilia ya televisheni, nikakesha nayo. Nikalipwa mara moja tu, nikashukuru, nikaenda zangu. Tamthilia ikarushwa na kurudiwa miaka na miaka, mrabaha, yaani malipo ya mtunzi kila kazi yake inapotumika, nisiuone hata senti. Mtayarishaji hakuwasilisha orodha ya muziki uliotumika, nami sikumkumbusha. Kusema kweli, sikujua kama kuna kitu kama hicho. Orodha hiyo ndiyo inayoieleza jumuiya ya hakimiliki, inayowakusanyia watunzi malipo yao, kipande kipi kilisikika, kwa muda gani, kilifungua kipindi au kilipita chini ya mazungumzo, na nani mtunzi, kwa asilimia ngapi. Jina lako lisipokuwemo, hawana wa kumlipa. Basi dai nakala yako, kagua hata tahajia ya jina, na kazi uisajili mwenyewe. Ukiletewa mkataba wa kuuza haki zote kwa malipo ya mara moja, usinune wala usikimbilie kalamu. Piga hesabu ya hayo marudio kwanza.

Vifaa? Mwaka 1960 mtunzi Bernard Herrmann alipewa bajeti finyu ya muziki wa filamu ya Psycho, akaandikia ala za nyuzi peke yake. Mwongozaji wake, Hitchcock, alitaka tukio la bafuni lipite bila muziki. Herrmann hakubishana; alitunga, akamsikilizisha, na mwongozaji akageuza kauli. Mkitaka kumpinga mwongozaji, mpingeni hivyo.

Halafu muda. Filamu huenda fremu, yaani picha moja moja, 24 kwa sekunde, yaani fremu moja ni kama milisekunde 42. Chelewa fremu chache tu, mlango kwenye picha umeshabamizwa, pigo lako linaufuata nyuma kama mgeni aliyepotea njia. Zoeeni kupiga na kliki, mlio wa kushika mapigo, sikioni mpaka msiisikie tena.

Nanyi wa okestra, mnaorekodiwa tamasha: maikrofoni husikia ukurasa unaogeuzwa, kiti kinacholia, hata pumzi. Noti ya mwisho ikishapigwa, upinde ubaki juu mpaka mwangwi uishe ukumbini. Nimeona rekodi safi kabisa ikirudiwa kwa sababu ya mtu mmoja aliyekohoa kabla mwangwi haujaisha.

Mzee wenu