Mwanangu, mzani usikutoe roho

Mwanangu,

Dada yako ameniambia siku hizi unakimbia na koti la mvua jua la saa saba, unashinda na ndimu, hata mate unayatema kwenye chupa, yote ili Ijumaa mzani ukukubali. Sikukatazi ngumi. Ila kuna Mwingereza mmoja aliyepita njia hiyohiyo, nataka umjue.

Fred Archer, mpanda farasi wa mbio, alizaliwa Cheltenham mwaka 1857. Baba yake, mpanda farasi pia, alishinda Grand National, mbio kubwa za farasi za kuruka viunzi, mwaka uliofuata. Angali mtoto alipelekwa Newmarket, mji wa mbio za farasi, kujifunza kazi kwa mkufunzi Mathew Dawson. Kuanzia 1874 hadi 1886 hakupata mpinzani: bingwa wa Uingereza mara 13 mfululizo, mbio alizoshinda 2,748, na Derby, mbio zenye sifa kuliko zote kwao, mara 5. Mwaka 1880 farasi alimng'ata mkono vibaya, na bado akampanda Bend Or mkono ukiwa umefungwa, akachukua Derby kwa tofauti ya kichwa cha farasi tu. Kwa hilo namvulia kofia.

Kilichomponza ni urefu. Sentimita 178 hivi, kwenye kazi ya watu wafupi! Kila farasi hupangiwa uzito wa kubeba, na mpandaji yumo ndani ya hesabu hiyo. Majira ya baridi mbio zikisimama, Archer alikula, akanenepa. Msimu ukikaribia anaanza upya: mafuta ya nyonyo, nusu chungwa, shampeni kidogo, bafu la mvuke, na dawa kali ya kuharisha.

Oktoba 1886 alijinyima chakula siku kadhaa ili ampande farasi St Mirin katika mbio za Cambridgeshire. Alifika kilo 54 hivi, halafu akashindwa kwa kichwa. Muda si mrefu homa ya matumbo ikamkuta mwili mtupu. Mkewe Helen alikuwa amefariki 1884 baada ya kujifungua, na majonzi hayo hayakumwisha. Tarehe 8 Novemba, katikati ya homa, alijiua. Miaka 29, na binti mdogo nyuma yake. Waliochunguza kifo walisema homa ilimvuruga akili. Mimi nasema na njaa imo.

Sasa, mwambie kocha akupandishe uzani mmoja. Pambano likifutwa na lifutwe. Akibisha, nipe namba yake nizungumze naye mwenyewe. Mama yako ametuma pesa ya samaki kwenye simu ya dada yako, na ameniagiza nikuambie si pesa ya glavu.

Baba yako