Barua kutoka Chicago: zibeni paa kwanza, ya kuuza tutazungumza

Mama yangu kipenzi, shikamoo.

Kaka Salim shikamoo, Zuhura mdogo wangu hujambo, watoto wote hapo wabusieni. Sisi huku wazima alhamdulillah, baridi imeanza kulegea, theluji iliyobaki ni ile ya pembeni mwa barabara imeshakuwa nyeusi kama masizi, watoto wanakwenda skuli na mimi kazi naendelea nayo. Zuhura, barua hii msomee mama polepole, usiruke, najua una haraka zako.

Ile voisi ya kaka ya Ijumaa nimeisikiliza mara tatu. Nimesikia maji yanaingia chumba cha juu cha marehemu babu kwenye nyumba yetu ya Kiponda, hapo Mji Mkongwe wa Zanzibar, boriti mbili zimeoza upande wa ukutani, na kuna mtu kaja na pesa anataka aivunje ndani yote abakishe ukuta wa mbele tu afanye vyumba vya wageni. Kaka ukasema nyumba imeshakufa hii, tunagombania maiti. Nakuheshimu kaka, na najua wewe ndo unayehangaika na ndoo usiku mvua ikinyesha, mie niko mbali. Lakini hilo neno la maiti limenikaa kooni wiki nzima, mana kazi ninayofanya huku kila siku ni kwenye nyumba ambazo watu walishazisalia kabisa na leo zina taa na watu wanakula ndani.

Sijawahi kuwaelezea vizuri hii kazi. Niko kwa kontrakta mdogo tu, tunatengeneza madirisha ya mbao ya nyumba za zamani, nyingi ziko Oak Park, mji mdogo umegusana na Chicago, barabara moja tu inaitwa Austin Boulevard ndo mpaka wenyewe. Hapo Oak Park ndo alipokaa msanifu mmoja mkubwa sana anaitwa Frank Lloyd Wright, alizaliwa 1867 akafa 1959, Wamarekani wakitaja wasanifu wao yeye ni wa mwanzo. Alichora majengo zaidi ya 1,000, yakajengwa kama nusu hivi, yaliyosimama mpaka leo ni kama 400. Na Oak Park ndo pamekusanyika mengi kuliko mahali pengine popote, yaani unatembea mtaa mmoja unahesabu.

Nyumba yake mwenyewe nimeingia. Aliijenga 1889, kijana mdogo, kwa pesa ya kukopa kwa bosi wake, akaikalia miaka 20 na watoto sita, 1898 akaongeza ofisi ya kuchorea ubavuni. Kati ya nyumba na ofisi palikuwa na mti, hakuukata, akajenga ujia ukauzunguka mti ukapita katikati ya paa! Nilisimama pale nikamkumbuka babu na ule mkunazi wa uani alivyokataa usikatwe mpaka ukuta ukapindishwa. Basi 1909 huyu bwana akaondoka, na baadae nyumba ikakatwakatwa ikawa apatimenti za kupangisha, kila mpangaji kapiga ukuta wake na rangi yake, miaka na miaka, mpaka ukiingia hujui kama pale aliishi mtu wa maana. Nyumba ya msanifu maarufu kuliko wote, mama, nayo ilikuwa inavuja.

Iliyoiokoa si serikali. 1974 watu wa mtaani pale Oak Park waliunda taasisi yao, wakatafuta pesa, wakaanza kubandua kuta za wapangaji moja moja. Kazi ilichukua miaka 13, wamemaliza 1987. Wakakubaliana wairudishe ilivyokuwa 1909, mwaka wa mwisho aliokaa. Hapo mie nilikuwa na mawazo yangu, mana kuchagua mwaka mmoja maana yake unafuta iliyokuja baadae, na nyumba yetu sisi tukisema turudishe mwaka gani? Wa babu mkubwa kabla ya choo cha ndani? Wa baba alipotia umeme? Kwa makumbusho sawa, lakini nyumba wanayokaa watu haina haja ya kurudishwa mwaka wowote, inatakiwa isiingie maji tu.

Sasa sikilizeni hili ndo limenifanya niandike. Kutoka hiyo nyumba ukienda mashariki ukavuka Austin Boulevard unaingia mtaa unaitwa Austin, huo ni Chicago sasa, watu weusi wengi, pesa ndogo. Pale Central Avenue kuna nyumba ya huyohuyo Wright, ya 1903, Walser House, imebanwa na majengo mawili makubwa ya apatimenti huku na huku kama mtoto kasimama katikati ya watu wazima kwenye daladala. Aliyekaa mule alikuwa bibi mmoja, yeye na familia yake waliishika toka 1970, wakaitunza kwa walichonacho. Alipofariki 2019 nyumba ikabaki tupu, ikaingia kwenye mambo ya madeni na benki, hakuna wa kuiwashia taa. Mie nikipita pale na basi namba 85 kwenda kazini huwa nakaa upande wa dirishani makusudi niitazame. Plasta ikaanza kupasuka, kisha ikawa inabanduka, mbao za chini ya paa zikafanya weusi. Miaka michache tu hiyo! Miaka 49 watu wamo ndani imesimama, mitano haina mtu inaanza kurudi udongoni. Na kwenye makaratasi ilishatambuliwa na jiji zamani kuwa ni nyumba ya kihistoria, makaratasi hayakupanda juu kuziba tundu. Msanifu mmoja, wakati mmoja, umbali wa dakika kumi kwa gari, upande huu wa barabara watu wanalipa tiketi kuingia na upande ule imewekwa mbao madirishani. Wallahi inaniuma sana, na nikiitazama ile naiona Kiponda.

Mnajua wenyewe kwamba jina halisaidii kitu. Mji Mkongwe umeingizwa urithi wa dunia wa UNESCO toka 2000, na Beit al Ajaib, lile Jumba la Maajabu lililokuwa limesimama toka 1883, tuliliona linaporomoka Desemba 25, 2020, mafundi wamo ndani wanalikarabati, watu wawili wakapoteza roho, Mungu awarehemu. Ya Wright nayo yaliingia huo urithi wa dunia 2019, majengo manane kwa mpigo. Lakini hoteli yake ya Tokyo, Imperial, ambayo ilihimili tetemeko kubwa la 1923, iliondolewa na nyundo za watu mwishoni mwa miaka ya 60. Na Januari 2018 tu hapa, kule Montana, jengo lake moja lilibomolewa na mwenyewe aliyekuwa anamiliki ardhi, watu wanatafuta pesa za kulinunua tingatinga lishafika.

Halafu kuna nyumba nyingine ya Wright, Robie House, kusini mwa Chicago, hii naipenda kuliko zote. Ilimalizwa 1910, ndefu, paa limetoka nje mbali halina nguzo ya kulishika, ina vioo vya rangi 174 vya milangoni na madirishani. Mwenye nyumba hakuikalia hata miaka miwili, mambo yalimharibikia. Baadae ikanunuliwa na chuo kimoja cha dini, wakaitumia bweni na chumba cha kulia, na mara mbili, 1941 na tena 1957, wakataka waivunje wajenge bweni jipya. Ile mara ya pili Wright alikuwa anakaribia miaka 90, akaja mwenyewe na fimbo yake kuipigania! Na kuna vyama viwili vya wanafunzi vilivyokuwa na nyumba zao hapohapo mtaani wakasema chukueni zetu mjenge, ile iacheni. Kaka hebu fikiria, mtu anatoa nyumba yake ili ya mwenzake isivunjwe. Mwisho akatokea tajiri mmoja wa mambo ya ujenzi akainunua, na 1963 akakikabidhi Chuo Kikuu cha Chicago. Mie nimesimama ng'ambo ya barabara jua linazama na vile vioo vikashika rangi, nikakaa mpaka miguu ikafa ganzi.

Wala msidhani nasifia tu, Wright naye alikuwa na makosa yake. Paa zake nyingi zilivuja toka mpya. Ile maarufu kuliko zote, Fallingwater kule Pennsylvania, iliyojengwa juu ya maporomoko ya maji, roshani zake za zege alizitoa nje sana na chuma alichopiga hesabu hakikutosha. Mafundi waliongeza nondo kimyakimya, alivyojua akawaka. Bora waliongeza, mana hata hivyo roshani ziliendelea kuinama mwaka hadi mwaka mpaka zikashuka kama sentimita 18, na 2002 ikabidi wafumue sakafu wapitishe nyaya za chuma wazikaze ndo zikasimama. Hakuna aliyesema basi imeshainama tuivunje.

Na hiyo Fallingwater ndo iliyonipa wazo. Ilikuwa ya familia moja ya wafanyabiashara wa Pittsburgh, mtoto alivyorithi hakuwa na wa kumuachia, 1963 akaitoa kwa jumuiya ya hifadhi ya kule pamoja na msitu wake. Haiuzwi tena, wageni wanalipa, pesa inarudi kwenye nyumba. Mama, hiyo si wakfu hiyo? Kwa jina jingine tu. Na kwa wale wanaotaka kuendelea kukaa kwenye nyumba zao kuna njia nyingine, iko jumuiya hapahapa Chicago toka 1989 kazi yao ni nyumba za Wright tu, mwenye nyumba anaandikiana nao hati, nyumba ni yako, kaa, uza, rithisha, lakini wewe na kila atakayekuja baada yako hamuwezi kuivunja wala kuigeuza mambo yaliyotajwa humo bila idhini. Hati inaifuata nyumba, haimfuati mtu. Sisi warithi tuko saba, kila mmoja na fikra yake, ndo mana hakuna anayetia hata bati moja, kila mtu anaogopa atengeneze kwa pesa yake kisha iuzwe. Tukikaa tukaandikiana kwamba haiuzwi kwa miaka kadhaa na kila mmoja anatoa kiasi fulani, hata shangazi wa Muscat naamini atatoa. Ya wakfu wa familia tumuulize sheikh na tuwaulize watu wa Wakfu, sitaki kukurupuka kwenye mambo ya mirathi.

Niwape mfano mmoja wa kazini halafu nimalize. Mwezi uliopita tulifika nyumba moja, si ya Wright, ya kawaida tu ya zamani, mwenyewe anataka madirisha yote yang'olewe yawekwe ya plastiki kwa sababu yameoza. Kwa nje rangi safi kabisa, nyeupe, mpya. Foromani wetu ni mzee wa Kipolandi, haongei sana, akachukua bisibisi akaigusa mbao ya chini ya fremu ikazama mpaka kwenye mpini kama boflo lililolowa chai. Mie nikajua basi tunang'oa. Yule mzee hata hakuligusa tena dirisha, akatoka nje akaegemeza ngazi akapanda mpaka kwenye mfereji wa paa, akaingiza mkono akatoa majani yameshakuwa udongo, na mche umeota humo. Maji yalikuwa hayana pa kupita, yanarudi ukutani, ukuta unayanywa na dirisha ndo linalipa. Siku nzima ya kwanza tulifanya mfereji tu. Ya pili na ya tatu tukakata pale palipooza, kipande cha urefu wa kiganja changu, tukatia mbao mpya na gundi, kilichobaki cha fremu ni mbao ngumu ya miaka 100 na kitu huwezi kuipata dukani leo. Dirisha moja tu kati ya kumi na moja ndo lilikuwa bovu kweli.

Kaka, kwa hiyo zile boriti mbili hazijaoza kwa uzee. Zimeoza upande wa ukutani, umesema mwenyewe, na huo ukuta ndo ule ambao mlizamu wake, mfereji wa maji ya paa, uliziba toka msiba wa baba. Na ile plasta ya saruji aliyopaka fundi juu ya chokaa ya zamani ndo imezidisha, saruji inafungia maji ndani, jiwe letu la matumbawe linataka chokaa lipumue. Mkienda Mamlaka ya Mji Mkongwe kuomba kibali waulizeni fundi wa chokaa, watakuwa wanawajua.

Masika yanaingia sasa hivi. Ninaomba yule bwana wa vyumba vya wageni mumwambie asubiri mpaka baada ya Idi, asikasirike, hatujamkataa. Jumatatu nikilipwa natuma pesa ya mabati ya upande wa juu na fundi wa kuzibua mlizamu, itoke kwa jina la Zuhura, risiti aniwekee. Boriti msizitoe bado, zipigieni nguzo chini zishikwe, miti ya kawaida tu inatosha kwa sasa. Na usiku mtu alale chumba kile cha juu cha upande mkavu, hata mtoto wa Zuhura akajisomee pale, taa iwake.

Zuhura, mvua ya kwanza ikinyesha nenda uani na simu, simama pale kwenye mkunazi, nipigie video ya ule mlizamu nione maji yanamwagikia wapi.

Mwanao, ndugu yenu,
anayewapenda sana.