Barua ya wazi kwa Inspekta Jenerali wa Polisi: amri ya mahakama isiishie kwenye kaunta

Kwako Inspekta Jenerali wa Polisi, Kenya,

Kwa heshima na taadhima, nakuandikia kama mpangaji wa duka hapa Mombasa. Ombi langu ni kwamba mtu akifika kituoni na amri ya mahakama kuhusu nyumba au duka, amri ile itekelezwe siku hiyo hiyo, awe ni mpangaji au mwenye nyumba.

Sheria tunayo. Sura ya 301 ya Sheria za Kenya, ile ya upangaji wa maduka, hoteli na mikahawa, inamtaka mwenye jengo atoe notisi kwa fomu maalumu, isiyopungua miezi miwili. Mpangaji asiyeridhika hupeleka shauri mbele ya Jopo la Kodi za Majengo ya Biashara, na mpaka jopo liamue, notisi ile haina nguvu. Baadhi ya wenye majengo wanalijua hilo vizuri, ndiyo maana hawaendi kwenye jopo. Huleta fundi wa kuchomelea Ijumaa jioni, wakati ofisi za mahakama zimeshafungwa.

Jirani yangu, mama muuza chakula, alikuta mlango wake umechomelewa hivyo. Ndani mlikuwa na friji iliyojaa nyama, magunia ya unga na masufuria yake yote. Alipata kwa jopo amri ya muda ya kufunguliwa, na aya yake ya mwisho ilimwagiza OCS, yaani mkuu wa kituo cha polisi kilicho karibu, asimamie utekelezaji. Nilimsindikiza. Afisa wa kaunta aliisoma, akaigeuza nyuma na mbele, kisha akamwambia: "Mama, hii ni kesi ya madai. Polisi hatuingilii mambo ya kodi. Rudi kwa wakili wako." Tuliporudi na wakili, tukaambiwa amri ya jopo si amri ya mahakama.

Kifungu cha 14 cha sheria hiyo hiyo kinasema nakala iliyothibitishwa ya amri ya jopo ikishasajiliwa katika mahakama ya hakimu, inaweza kutekelezwa kama hukumu ya mahakama. Nakala yake ilikuwa imesajiliwa, na muhuri ulikuwepo. Mlango ulipokuja kufunguliwa, nyama ilikuwa imeoza, wateja wamehamia kwingine, na mtu mwingine ameshalipa amana ya chumba kile. Amri ya aina hii ikicheleweshwa, hata kesi ukiishinda baadaye, biashara haipo tena.

Kinachotuuma zaidi ni kwamba dalali, yule anayetumwa kutoa vyombo vya mpangaji, akija na karatasi yake hupewa askari. Ni haki yake, kwa kuwa kanuni za madalali zinamtaka aombe mahakama ulinzi wa polisi pale anapotarajia kuvunja mlango au kuzuka fujo. Lakini iweje amri ya kutoa vyombo itiiwe, na ya kuvirudisha iitwe kesi ya madai?

Siwatetei wadaiwa sugu. Kuna wazee waliojenga vyumba kwa kiinua mgongo chao, mpangaji halipi, amri ya kumtoa imeshatoka, naye kaweka vijana mlangoni. Wazee hao nao hurudishwa kutoka kaunta ile ile, na amri yao ina uzito sawa na ya mama yule.

Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya mwaka 2011 imekupa mamlaka ya kutoa kanuni za kudumu kwa vituo vyote. Tunaomba uagize kwamba amri ikiletwa igongwe muhuri wa kupokelewa, iandikwe kwenye OB, kile kitabu cha matukio cha kituo, na aliyeileta apewe namba. Amri bandia zipo, kwa hiyo afisa apige simu masjala ya mahakama kuithibitisha, na dalali aonyeshe leseni kabla ya kupewa askari. OCS akikataa kutekeleza, aandike sababu na atie sahihi. Hili la sababu ndilo ninalolisisitiza kuliko yote, kwa maana jibu la mdomo hatuwezi kulipeleka kwa hakimu wala IPOA, mamlaka huru inayosimamia mienendo ya polisi. Mpangaji hubaki na neno lake dhidi ya neno la afisa.

Tunaomba waraka wa agizo hilo uandikwe kwa Kiswahili na ubandikwe ukutani kwenye kila kaunta, mahali ambapo aliyekuja na amri anaweza kuusoma.

Wako mwaminifu,
Mpangaji wa duka, Mombasa