Barua ya wazi kwa Mkuu wa Wilaya ya Bagamoyo: boti ya Mji Mkongwe iondoke kwa saa za maji

Kwako Mheshimiwa Mkuu wa Wilaya,
Bagamoyo, Pwani.

YAH: OMBI LA SAFARI ZA MAJARIBIO ZA BOTI YA KITALII, BAGAMOYO HADI MJI MKONGWE WA ZANZIBAR, KWENDA NA KURUDI SIKU HIYO HIYO

Mheshimiwa, tunakusalimu kwa jina la Jamhuri ya Muungano wa Tanzania. Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Sisi ni waongoza watalii na manahodha wa hapa mjini. Tunaomba boti moja, kwa siku chache za kila mwezi, kuanzia Desemba hadi Februari, na ratiba inayopangwa kwa kuangalia bahari inajaa saa ngapi na inapwa saa ngapi. Hilo la ratiba ndilo lililotufanya tuandike. Mengine yote yana watu wa kuyashughulikia, ila ratiba ikishachapwa na mtu asiyejua maji ya Bagamoyo, safari itakufa mwezi wa kwanza na watu watasema mji hauna wageni.

Tuanze na hali ilivyo. Mgeni aliyelala Bagamoyo na anayetaka kuiona Zanzibar kwa siku moja analazimika kupitia Dar es Salaam. Boti ya kwanza huondoka saa moja asubuhi, na abiria anatakiwa awe bandarini angalau nusu saa kabla, akiwa na tiketi yenye jina lile lile lililo kwenye pasipoti au kitambulisho. Kwa hiyo gari inatoka hapa saa kumi alfajiri. Barabara ni kama kilomita 65 tu, ila kuanzia Bunju na Tegeta kuingia mjini hakuna dereva atakayekuahidi muda. Boti inafika Malindi, bandari ya Mji Mkongwe, kwenye saa tatu. Ya kurudi ya mwisho ni kwenye saa kumi jioni, hivyo saa tisa na nusu mgeni awe ameshaingia getini. Akifika Dar saa kumi na mbili, anakutana na foleni ya watu wanaotoka kazini. Anaingia Bagamoyo saa mbili au saa tatu usiku, amechoka, na mjini alikaa saa sita tu. Wageni wengi wakielezwa hesabu hii wanaamua kuhama kabisa, wanalala Dar au wanavuka na mizigo yao. Usiku wa pili wa Bagamoyo unapotea hapo.

Sasa angalia ramani. Kutoka ufuko wetu hadi Malindi ni takribani maili 24 za baharini, yaani kilomita 44 hivi. Kutoka Dar ni zaidi ya kilomita 70. Boti inayokwenda maili 18 kwa saa inatumia saa moja na dakika 20 kutoka hapa. Njia yenyewe ni ya zamani kuliko barabara zote za wilaya hii: misafara ya pembe na ya watumwa iliishia hapa na shehena ikavushwa Unguja, mapadri wa Roho Mtakatifu walikuja kwa njia hiyo wakaanzisha misheni mwaka 1868, na Februari 1874 mwili wa mmisionari na mpelelezi David Livingstone, ulioletwa na watumishi wake Chuma na Susi na wenzao kutoka bara, ulivushwa kupitia hapo hapo.

Kama njia ni fupi hivyo, kwa nini haitumiki? Kwa sababu bahari yetu ina kina kidogo. Mwaka 1891 Wajerumani walihamisha makao makuu ya koloni kwenda Dar es Salaam, na sababu kubwa ilikuwa kwamba meli za stima hazikuweza kusogea karibu na Bagamoyo. Ufuko ni tambarare, na maji yakipwa mashua hukaa mchangani kama kuku anayeatamia. Abiria hukunja suruali na kutembea majini hadi kiunoni, begi kichwani. Baharia anaona kawaida. Bibi wa miaka 70 aliyelipia safari ya kitalii haoni hivyo.

Hapa ndipo tunapoomba utusikilize kwa makini, Mheshimiwa.

Pwani hii maji hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kwa siku, na kila siku saa zinasogea mbele kwa dakika 50 hivi. Siku za bamvua, mwezi ukiwa mchanga au mpevu, maji hujaa kati ya saa kumi na saa kumi na moja, alfajiri na jioni, na hupwa kabisa kwenye saa nne na nusu asubuhi. Tofauti ya kujaa na kupwa hupita mita 3, na bamvua kubwa huikaribia mita 4. Siku za maji mafu, yaani tarehe 8 hadi 10 na 22 hadi 24 za mwezi mwandamo, mambo yanageuka: maji hujaa asubuhi kwenye saa nne na kupwa jioni, lakini tofauti ni ndogo, hivyo hata yakipwa bado kuna maji ya kuelea.

Tena bahari haipwi kwa mwendo mmoja. Gawa kina chote kitakachoshuka mafungu 12: saa ya kwanza hushuka fungu 1, ya pili 2, ya tatu 3, ya nne 3, ya tano 2, ya sita 1. Chukua siku ya bamvua yenye tofauti ya mita 3.6, maji yamejaa saa kumi na nusu alfajiri. Boti ikiondoka saa kumi na mbili kamili, maji yameshuka kama sentimita 60 tu, na nahodha anatoka bila wasiwasi. Karani wa tiketi akichelewa, boti ikaondoka saa moja na nusu, maji yameshuka mita 1.8. Ucheleweshaji wa saa moja na nusu umekula mita 1.2 ya maji, na kwenye ufuko ulio tambarare hiyo ni tofauti kati ya kupandia ngazini na kupelekwa kwa mtumbwi watu watano watano hadi boti ilipo. Hapo ndipo wageni wanapolowa, simu zinapozama, na mtu anapoteleza kati ya mtumbwi na boti. Ajali nyingi ndogo za safari hizi hutokea wakati wa kupanda na kushuka.

Ratiba yetu basi ni hii. Siku za bamvua tupeleke wageni wetu Zanzibar: kuondoka saa kumi na mbili asubuhi, kurudi kutoka Malindi saa tisa alasiri, kufika hapa karibu saa kumi na nusu bahari ikiwa imejaa. Siku za maji mafu tupokee wageni wa kutoka Zanzibar: boti ilale Malindi, iondoke saa moja na nusu, ifike hapa saa tatu maji yakiwa yanajaa, na iondoke saa tisa alasiri. Siku za katikati boti ipumzike, ifanyiwe matengenezo. Mtu wa ofisini atauliza kwa nini isiende kila Jumamosi. Jumamosi haijui maji.

Upepo nao una masharti yake. Njia yetu inaelekea kaskazini mashariki. Wakati wa kaskazi, upepo utokao kaskazini mashariki, asubuhi mnaukabili upepo kwa omo, yaani mbele ya boti, boti inadunda lakini haiyumbi sana, na alasiri mnarudi nao mgongoni. Kusi, upepo utokao kusini, likishika, hasa Juni hadi Agosti, mawimbi yanakuja ubavuni, na boti nyepesi inalala huku na huku njia nzima. Abiria wanatapika, wengine wanakimbilia upande mmoja, na uzito unahama. Meli ya abiria MV Skagit ilizama karibu na kisiwa cha Chumbe tarehe 18 Julai 2012, katikati ya kusi. Ndiyo maana majaribio tunayaomba Desemba hadi Februari, na tunashauri safari zisimame kabisa miezi ya kusi kali hata kama wageni wapo wengi. Asubuhi ya safari nahodha asome utabiri wa Mamlaka ya Hali ya Hewa, na neno lake la kuahirisha lisipingwe na mwenye boti wala na sisi tunaotegemea posho.

Kuhusu chombo: iwe na injini mbili, viti 40 hivi, na tumbo lisiloingia majini zaidi ya mita moja ikiwa imejaa. Viti visiuzwe vyote, vibaki vichache kwa ajili ya dharura na mabaharia. Jaketi okozi ziwe nyingi kuliko abiria, zikiwemo za watoto, na zivaliwe kabla ya kung'oa nanga, maana zikifungiwa sandukuni hazimfai mtu. Redio ya baharini iwe wazi kwenye chaneli ya 16. Orodha ya abiria iandike kila kichwa, hata mtoto wa mgongoni, na nakala ibaki nchi kavu. Meli ya MV Spice Islander I, iliyozama tarehe 10 Septemba 2011, ilitufundisha gharama ya kujaza chombo kupita kiasi. Ukaguzi ni kazi ya TASAC, Shirika la Uwakala wa Meli Tanzania, kwa upande wetu na mamlaka ya bahari kwa upande wa Zanzibar; tunachoomba kwako ni kuwakutanisha. Gati la zege si lazima kwa kuanzia. Jukwaa linaloelea, lenye daraja la mbao linalopanda na kushuka na maji, linatosha.

Karatasi ndizo zinazoharibu siku ya mgeni mapema kuliko mawimbi. Hata anayetoka Bara hukaguliwa kitambulisho akifika Zanzibar, na wa kigeni lazima awe na pasipoti yenyewe mkononi, picha ya kwenye simu haitoshi. Tangu tarehe 1 Oktoba 2024 mgeni wa kigeni anayeingia Zanzibar hutakiwa kuwa na bima ya safari ya dola 44, inayopatikana kwa Shirika la Bima la Zanzibar. Kwa mtu wa siku moja hiyo ni pesa ya kuuliza mara mbili, na akiambiwa gatini badala ya siku aliyolipia safari, anageuka na kudai nauli. Kuipunguza hakuko mikononi mwako, tunajua, ila wenzako wa upande wa pili wanaweza kusikiliza hoja ya wageni wa kutwa.

Vilevile utalii si jambo la Muungano. Leseni ya kuongoza wageni Bara haitumiki Unguja. Tunapendekeza makabidhiano: mwongozaji wa Bagamoyo asimulie ndani ya boti, Malindi awakabidhi kwa mwongozaji mwenye leseni ya Zanzibar, na kwa wageni wa upande wa pili iwe vivyo hivyo. Majina ya waongozaji yatumwe kabla, wageni wasije wakaanza kuvutwa mikono na mapapasi, wale wanaong'ang'ania wageni mitaani.

Mji wenyewe, kwa saa chini ya saba, unahitaji mpangilio. Wakifika kabla ya saa mbili maduka mengi yamefungwa, kwa hiyo waanzie soko la Darajani, ambako asubuhi ndiyo kuna samaki na kelele, wanywe chai na chapati. Kisha Mkunazini, kanisa la Anglikana lililojengwa palipokuwa soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873. Hapo pachukue saa nzima, pasikimbizwe. Hamamni, penye bafu la umma la zamani, ni njiani. Jua likiwa kali waingie vichochoroni kuelekea Shangani, wale chakula cha mchana, halafu Ngome Kongwe na Forodhani, wamalizie kwa kutembea Mizingani hadi bandarini. Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu la mwaka 1883, isiandikwe kwenye tangazo kama mahali pa kuingia: sehemu yake ilianguka tarehe 25 Desemba 2020, na mgeni aliyeahidiwa mlango akakuta mabati hasahau. Wafunike mabega na magoti. Ijumaa mchana mji husimama kwa swala, na Ramadhani chakula cha mchana lazima kiagizwe mapema kwenye hoteli inayohudumia wageni.

Watakaokuja kwetu wanapata nusu ya pili ya simulizi ile ile. Aliyesimama Mkunazini akaja akasimama Caravanserai, kituo cha misafara cha hapa Bagamoyo, ameona soko na ameona mwisho wa njia iliyolilisha. Misheni na makumbusho yake, Boma, Mtaa wa India na magofu ya Kaole vinaingia kwenye saa sita bila haraka, mradi Kaole waende kwa gari. Ni kilomita tano na jua la Januari halina huruma. Tukipata nusu saa ya ngoma pale TaSUBa, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, wataondoka wanaimba.

Mheshimiwa, tunaomba uitishe kikao kimoja: TASAC, bandari, Uhamiaji, Halmashauri, wenye boti, wenzetu wa Zanzibar na sisi. Ukumbi hauhitajiki. Kikao kifanyike ufukweni, tarehe 2 au 16 ya mwezi mwandamo, saa nne na nusu asubuhi, na kila mjumbe aje na viatu vinavyovulika kirahisi, maana tutatembea hadi maji yalipo.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Waongoza watalii na manahodha,
Bagamoyo.