Kalatozov hakuwa na helikopta

Ndugu Mhariri,

Makala yenu kuhusu Mikhail Kalatozov imetufurahisha, kwani mwongozaji huyu wa enzi ya Kisovieti ni nadra kutajwa kwa Kiswahili. Lakini ina makosa matatu ambayo hatukuweza kuyanyamazia.

Kwanza, shoti ya mazishi (kipande kimoja kirefu kisichokatwa) katika filamu yake Soy Cuba, yaani “Mimi ni Kuba” (1964), haikupigwa kwa helikopta kama mlivyoandika. Upepo wa panga zake ungeipeperusha bendera iliyofunika maiti, tena helikopta haipiti dirishani! Shoti yenyewe inaanzia chini mtaani, inapanda ghorofa kama nne, inaingia kwenye chumba cha wasokota sigara, inatokea dirisha la pili na kuelea juu ya waombolezaji. Mwendesha kamera alivaa fulana yenye kulabu mgongoni. Kila alipofika kituo, mafundi walimfungua kwenye kapi moja na kumtundika kwenye nyingine, na nyaya zilikuwa zimevutwa toka jengo hadi jengo. Akichelewa mmoja tu, picha inatikisika na kazi yote inarudiwa.

Iliwezekana kwa sababu kamera, Cameflex ya Kifaransa, ilikuwa nyepesi, na lenzi iliyotumika zaidi ilikuwa ya milimita 9.8. Piga hesabu: kwa lenzi hiyo, tundu la kupitisha mwanga likiwa f/5.6, ukiweka fokasi kwenye sentimeta 60 kila kitu kinaonekana vizuri kuanzia sentimeta 30 hivi hadi upeo wa macho. Kwa lenzi ya milimita 50 ungehitaji kukaa mita saba na zaidi ili upate hivyo, au uwe na mtu wa kuzungusha fokasi muda wote, naye huyo angening'inia wapi? Lenzi pana pia huficha mtikisiko. Hasara yake ni kwamba uso ukikaribia sana pua huvimba na nguzo za pembeni hupinda. Na kasha la mita 120 za mkanda huisha kwa dakika nne na nusu hivi, kwa hiyo mazoezi yote hufanywa bila mkanda.

Pili, mmeandika kwamba sifa zote ni za mpiga picha wake, Sergei Urusevsky. Urusevsky alikuwa fundi hasa, hilo hatulipingi. Lakini Kalatozov, mzaliwa wa Tbilisi mwaka 1903, alikuwa ameshaonyesha filamu, ameshakata mikanda na kushika kamera kabla hajaitwa mwongozaji. Tazameni filamu yake ya mwaka 1930 kuhusu kijiji kisicho na chumvi huko Svaneti, milimani Georgia, ambayo alishiriki kuipiga mwenyewe: kamera iliyoinama na watu waliopigwa toka chini dhidi ya anga vimo tayari, robo karne kabla wawili hao hawajaanza kushirikiana. Filamu yake nyingine ya mwanzoni mwa miaka ya 1930 ikapigwa marufuku, na hakurudi kuongoza hadi mwishoni mwa muongo huo. Letyat zhuravli, yaani “Korongo wanaruka” (1957), iliyompa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, mwaka 1958, ina shoti inayoanzia ndani ya basi, inashuka na msichana, inapenya umati, kisha inapandishwa kwa winchi huku yeye akikimbia katikati ya vifaru. Mpiga picha hajipangii basi, umati na vifaru. Hiyo ni kazi ya mwongozaji.

(Kwamba hadithi ya Soy Cuba ni dhaifu, tunakubali. Wakuba wenyewe hawakuipenda.)

Tatu ni maelezo ya ile picha toka Soy Cuba, ya miti jamii ya mnazi yenye majani meupe. Mmesema imechapwa kinyume, kama negativu, yaani nyeusi ikiwa nyeupe na nyeupe ikiwa nyeusi. Angalieni vivuli: ni vyeusi, na katika negativu vingekuwa vyeupe. Huo ni mkanda wa infraredi, unaonasa mionzi ambayo macho yetu hayaioni. Majani mabichi hurudisha mionzi hiyo kwa wingi, ndiyo maana yanang'aa, na anga la buluu halina mionzi hiyo ya kutosha, ndiyo maana linakuwa jeusi. Mkanda huo ni msumbufu. Kipima mwanga cha kawaida hakiusomi sawasawa, hivyo lazima upige vipande vya majaribio. Fokasi nayo huhama kidogo, kwa kuwa mionzi hiyo haikutani mahali pamoja na mwanga tunaouona. Ile lenzi ya milimita 9.8 ililifunika kosa hilo pia.

Tunaomba maelezo ya picha hiyo yasahihishwe katika toleo lijalo.

Wapiga picha na wahariri wa filamu,
Dar es Salaam