Saksafoni isikimbizwe

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako ili niseme neno kwa vijana wanaopuliza saksafoni hapa Tabora. Jumamosi iliyopita, katika ukumbi mmoja wa mjini, nilimsikia kijana akipiga muziki wa kufungulia Peter Gunn, tamthilia ya upelelezi ya televisheni ya Marekani, uliotungwa na Henry Mancini mwaka 1958. Nilifurahi, kisha nikasikitika, kwa sababu aliukimbiza kama mtu anayewahi treni ya Kigoma.

Muziki ule umesimama juu ya kifungu kimoja kifupi cha besi na gitaa kinachorudiwa tangu mwanzo hadi mwisho, kama hatua za mtu anayemnyemelea mwenzake usiku. Kwa hiyo mpuliza saksafoni hana haja ya kujaza kila nafasi, bali aingie akiwa amechelewa kidogo, aikwaruze sauti kooni, alegeze midomo ili noti ishuke taratibu, kisha anyamaze na kuiacha besi itembee. Kijana yule hakunyamaza hata mara moja. Kipaza sauti nacho kilikuwa kimesogezwa hadi kwenye mdomo wa chombo, ingawa kosa hilo si lake.

Wazee waliocheza dansi enzi za bendi ya Tabora Jazz wanaijua ladha hiyo ya kusubiri. Namwomba kijana wetu aurudie muziki huo akiwa na mpiga besi peke yake, polepole, bila ngoma.

Msomaji wako,
Tabora