Barua ya wazi kwa Mheshimiwa Waziri: wagumu wakaguliwe viatu getini

Mheshimiwa Waziri,

Shikamoo. Sisi wagumu, yaani wapagazi wa Mlima Kilimanjaro, tuliambiwa tuvute subira, mambo yanashughulikiwa. Mimi yangu imekwisha wiki iliyopita.

Tulikuwa kambi ya juu, usiku, upepo unatikisa hema. Kijana wa timu yetu alikuwa na raba zilizopasuka, ndani amejifunga mifuko ya nailoni badala ya soksi, na begi la kulalia hana. Tulipomvua, vidole vilikuwa vyeupe, hata ukivibana hasikii. Tulipokezana kumkumbatia miguu tumboni hadi kukakucha. Kampuni iliyompandisha ilikuwa imemwambia vifaa ajitafutie mwenyewe.

Mheshimiwa, tarehe 6 Oktoba 1889 wapanda mlima wa Ulaya Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika Kibo, kilele kirefu cha Kilimanjaro. Siku tatu kabla walifika ukingo wa kreta wakarudi hoi, maana njia yenyewe ilibidi waichonge kwenye barafu kwa shoka, hatua moja baada ya nyingine. Chakula chao kilipandishwa na wapagazi kutoka Marangu kwa Mangi (chifu) Marealle. Na kambini kwao juu alibaki nao Mwini Amani wa Pangani, mtu wa pwani, kwenye baridi ile! Majina ya wengi wao hayakusimuliwa kama ya wale wawili, na hilo linaniuma hadi leo. Lakini wao waliteseka wakati vifaa vya leo havijatengenezwa. Kijana wetu alikuwa amebeba kichwani mzigo wa mgeni wenye soksi za sufu na koti zito, yeye miguu inakufa ganzi.

Nadhani kampuni zinashindana kushusha bei, na pa kubania ni kwetu.

Getini kuna mizani. Mzigo ukizidi kilo 20 unapunguzwa palepale, na kwa hilo tunashukuru sana. Basi anayesoma mizani ashushe macho aangalie na miguu ya aliyebeba. Kikaoni tuliahidiwa ukaguzi huo. Tulipiga makofi, tukarudi kazini, na vijana bado wanapanda na raba.

Mgumu asiye na buti, koti la baridi na begi la kulalia asivuke geti mpaka kampuni impe. Impe, isimrudishe nyumbani akakosa ujira.

Habari ya nyongeza ya malipo siigusi leo, wala bakshishi. Viatu, Mheshimiwa. Toa agizo wakague viatu kabla msimu haujachanganya.

Wako mtiifu,
Mgumu wa Marangu